Bati Letu Kwenye Tangi la Kijiji

Tulipohamishiwa kijiji cha Ujamaa, huku juu Newala, kila nyumba ilitoa bati moja. Kwa mabati yale likaezekwa banda, na mvua ikinyesha maji yaliteremka kwenye tangi tulilolichimba wenyewe. Bati letu mama alilinunua kwa korosho zake, likawekwa pembeni, likapakwa alama ya lami. Kamati ya kijiji ikakabidhiwa ufunguo wa tangi, mbuzi na watoto wasije wakachafua maji. Kazi yao ilikuwa hiyo tu.

Lakini ukimpa mtu ufunguo, baada ya muda atajiona mwenye nyumba. Mwaka ule ng'ambo ya Ruvuma kulikuwa na vita vya Msumbiji, na baba alikuwa amechukuliwa pamoja na mgambo wenzake kwenda kulinda mtoni. Mama alibaki na mimi na mdogo wangu wa kiume, aliyekuwa hajatimiza hata miaka miwili. Kiangazi kilipokaza, mtoto akaanza kuharisha. Mama akakosa shamba la kijiji siku tatu, na kamati ikatoa amri: asiyelima hachoti. Majirani walitupa maji kata moja moja kwa kificho, maana aliyetusaidia naye angefungiwa.

Tulimfuata mwenyekiti nyumbani kwake, mama kambeba mtoto mgongoni.

"Shikamoo, mwenyekiti."

"Marahaba."

Mama akamweleza, akamgeuzia mtoto amwone jinsi macho yalivyoingia ndani.

"Mimi peke yangu siwezi, mama. Kamati inakaa Ijumaa."

"Leo Jumanne, baba."

"Ndiyo utaratibu."

"Mlipewa kulitunza tangi. Kutunyima nani aliwapa?"

Akainama, akatazama miguu yake. Ufunguo ulikuwa shingoni mwake, umefungwa kwa kamba ya katani. Mzee yule amekwisha kufa, na mimi sasa ni bibi wa watu, lakini kule kuinama kwake sijakusamehe.

Kesho yake alfajiri niliteremka na ndoo hadi chemchemi ya bondeni, upande wa Kitangari. Nikapanga foleni, nikachota, nikaupanda mlima. Njiani nilipumzika mara mbili. Mara ya pili sikuwa nimechoka sana; nilikaa tu kivulini. Nimejiuliza juu ya kivuli kile maisha yangu yote.

Nilipokaribia nyumbani nikasikia vilio.

Kabla sijaitua ndoo, mwenyekiti akafika na ndoo mbili zilizojaa maji ya tangi, ya kumwoshea marehemu. Maiti hanyimwi maji kwetu, hata awe nani. Safari hii kufuli lilikuwa limefunguliwa bila kikao.

Mama hakupiga kelele. "Yarudishe, baba," alisema. "Dada yake amemletea."

Tukamwosha kwa maji yangu.

Matanga yalipokwisha, mama akaazima ngazi, akapanda juu ya banda mchana kweupe, akang'oa misumari. Mwenyekiti akaja mbio.

"Mama, hiyo ni mali ya kijiji!"

"Kufuli ndilo lenu. Bati ni langu."

Watu walijaa pale, wala hakuna aliyemgusa. Kesho yake jirani yetu akaja na ngazi yake. Siku ya tatu walikuja wanne, na kamati ikalitoa kufuli bila kuitisha mkutano wowote. Wenzetu wakarudisha mabati yao. Mama hakurudisha. Alilipachika kwenye upenu wetu, akatega mtungi chini yake, tukaingoja mvua.

Mvua zilipoanza baba akapewa ruhusa. Alifika jioni, amekonda, matope hadi magotini. Habari zetu hazikuwa zimemfikia huko mtoni. Mama alimkaribisha, akamchotea kata ya maji ya mtungini, akabaki amesimama karibu yake.

Baba alikunywa kwa pupa, kisha akabakiza kidogo kwenye kata.

"Maji matamu haya," alisema. "Mwiteni mtoto naye anywe."