Nilikataa njia ya kwenda kwa kaburi la baba kwa sababu ya rufaa ya pili

Wakuu, habari za jioni. Haya yamenipata mimi mwenyewe hapa Lurambi, na sijayapamba. Mkitaka kucheka chekeni, huku sokoni walishaanza.

Sina digrii. Sheria nimejisomea kwa simu na vitabu vya kuazima, mpaka watu wakaniita Wakili. Nililipenda hilo jina kuliko nilivyokubali.

Jirani yetu, Mzee Shikuku, alidai kipande cha shamba ambacho marehemu baba alituambia alikinunua kwa baba yake Shikuku. Maandishi hayakuwepo, ni maneno tu mbele ya wazee. Baba tulimzika kwenye kipande hichohicho.

Nikashtaki. Hakimu akaamua kwamba baba aliazimwa tu kipande hicho, hakukinunua. Nikakata rufaa. Jaji akapitia ushahidi wote upya, akafika palepale.

Wiki hiyo Shikuku akaja nyumbani. Tukampa chai.

"Mama, tumechoka sote," alimwambia mama yangu. "Bakini na pahali pa kaburi, na njia ya kufika. Huyu Wakili aache kesi tu."

Mama akanigeukia, akaniita jina lake la kunibembeleza tangu utotoni. "Papa, kubali. Mimi nataka nilazwe kando ya babako, basi."

Nikacheka, wakuu. Mbele ya mgeni.

"Mama, kule juu wanasikiliza yote upya. Tutachukua kipande chote."

Shikuku akamaliza chai yake, akaaga.

Niwaeleze kidogo wasiojua. Rufaa ya kwanza hupima ushahidi upya. Ya pili, kwa kesi kama yangu, ni ya hoja za sheria. Mahakama mbili zikikubaliana kuhusu kilichotokea, majaji hawaingilii kwa urahisi. Mimi nilisoma muda wa kukata rufaa na karatasi zinazohitajika. Mipaka ya rufaa yenyewe sikuisoma, nikidhani ya pili ni kama ya kwanza.

Siku ya kusikizwa rufaa hiyo ya pili nilibeba picha za shamba na jina la shahidi mpya. Mama akaja na kitambaa chake cha kanisa.

Jaji mmoja akaacha Kiingereza akaniuliza kwa Kiswahili, nadhani kwa huruma. "Bwana, jaji aliyesikiza rufaa yako alikosea sheria gani?"

"Mheshimiwa, hawakumwamini shahidi wetu."

"Huo ni ushahidi. Nimekuuliza sheria."

Nikapekua karatasi. Nyuma yangu nikamsikia mama akimnong'oneza mtu, "Amejibu?"

Rufaa ikatupwa, na gharama juu yangu.

Shikuku akazungushia kipande hicho waya na lango, kaburi likiwa ndani. Simlaumu, alikuwa ameshatoa mkono nikaukataa.

Jumamosi iliyopita mama alitaka kupalilia kaburi. Nikambebea jembe hadi langoni. Akapiga hodi, yeye, kwa kaburi la mume wake.

Shikuku akafungua. "Ingia, mama. Hapa usiwe unapiga hodi." Akachukua jembe mkononi mwangu. "Wakili angoje huko nje."

Nikangoja. Walipalilia wawili, nikiwaona kupitia waya.

Nililojifunza ni hili: kabla ya kupanda ngazi ya pili, jiulize ni kosa gani la sheria unalolipeleka. Kama huna, na mtu amekuja kwako na neno la amani, mjibu akiwa bado anakunywa chai.

Mama hajanilaumu hata siku moja. Afadhali angenigombeza.

Mliowahi kumrudia mtu mliyemkatalia hivyo, mlianzaje? Mimi kwenye lango hilo bado sijabisha hodi.