Mume Wangu Kazikwa kwa Jina la Kaka Yake, Sasa Kaka Mtu Anasema Yeye Ndiye Mume Wangu

Admin naomba unifichie jina, na hata majina nitakayotaja nimeyabadilisha. Nina miaka thelathini na mitatu, mama wa watoto watatu, naishi Segese. Matusi nimeshatukanwa ya kutosha na wakwe zangu, kwa hiyo mwenye tusi alale nalo, mwenye ushauri anipe.

Mume wangu nitamwita Masanja. Shule aliishia darasa la saba. Kaka yake, Paulo, alimaliza kidato cha nne lakini kazi za kuajiriwa hakuzitaka, akabaki kwao Kishapu na pamba na ng'ombe. Mgodi ulipotangaza kazi wakataka cheti cha kidato cha nne, Masanja akachukua cha kaka yake. Wenyewe mnajua, mambo haya yapo. Basi kazini akawa Paulo, kitambulisho Paulo, hata tiketi ya treni akikata ni Paulo. Kwangu alikuwa Masanja, na cheti chetu cha ndoa kimeandikwa Masanja. Kiwanja hiki tulichojenga nacho ni jina la Masanja.

Alikwenda Tabora kumwona dada yake mgonjwa. Wakati anarudi, akitegemea kushukia Isaka, treni ikapata ajali, behewa lao likapinduka. Nilimkuta mochwari kafungiwa karatasi mguuni, imeandikwa Paulo. Nikafungua mdomo niseme, mama mkwe akanifinya mkono. "Nyamaza, ng'wanone, mwanangu. Ukisema ni Masanja, mgodini watajua alitumia cheti cha mtu, mafao yote mnakosa. Acha azikwe hivyo hivyo, fidia ya treni ikija ni ya wote." Nikanyamaza. Nilikuwa nimechanganyikiwa jamani, ningebishana na nani?

Msiba ukawa Kishapu. Wageni wa serikali walikuwa wanakuja, kwa hiyo Paulo mzima mzima akapelekwa machungani asionekane. Mkewe, Mama Neema, akakalishwa kwenye mkeka wa mfiwa, kafungwa kitambaa cheusi, analia mpaka anashikiliwa. Mimi mwenye mume nikaambiwa nikasonge ugali wa waombolezaji. Katekista akasoma, "Marehemu Paulo ameacha mjane na watoto wanne." Hao wanne ni wa Mama Neema. Wangu walikuwa jikoni wamenishika gauni. Nilisonga ule ugali machozi yanadondokea humo humo, na wakala wakashiba.

Fidia ilipotoka ikaenda kwa mjane mwenye cheti cha ndoa cha Paulo, mafao ya mgodini nayo yakafuata huko huko. Mama Neema akaezeka bati jipya. Nikaenda, nikampigia mama mkwe goti, nikasema, "Mayu, watoto wa Masanja wanalala njaa." Mama mkwe, aliyemzaa mwenyewe kwa uchungu, akanitazama bila haya. "Masanja gani kafa? Aliyekufa ni Paulo, cheti cha kifo kipo. Mumeo yu hai." Mama Neema akacheka mpaka akajifuta macho.

Nikadhani ukatili wao umeishia hapo. Kumbe wapi!

Mwezi uliopita Paulo kaja kwangu. Nikamwamkia, "Shikamoo shemeji." Hakuitikia. Akakaa kwenye kiti cha marehemu, akanyoosha miguu. "Shemeji nani? Paulo si mlimzika? Mimi siwezi kuishi bila jina. Vitambulisho nimeshatengeneza, sasa hivi Masanja ni mimi. Kiwanja hiki changu, na wewe mke wangu."

Nikamwambia naenda polisi. Akacheka. "Ukaseme nini? Kwamba mumeo alighushi, na wewe ukapika kwenye msiba wa uongo? Nenda, utaozea ndani." Akasema nichague: nimpokee kama mume, au nifungashe vyangu auze nyumba. Mnunuzi kaja, kazunguka uwanja anapima kwa hatua, watoto wangu wanamwangalia tu.

Mama yangu mzazi ndiye kanimaliza kabisa. "Mpokee, mbona wajane wanarithiwa na mashemeji kila siku?" Mama, anayerithiwa ni mjane. Mimi hata huo ujane wamenipora, sikuruhusiwa kumlilia mume wangu kwa jina lake.

Jana Paulo kaleta begi. Ninavyoandika yuko sebuleni, kavaa koti la Masanja, kamtuma binti yangu mkubwa maji ya kuoga. Kamkataza kumwita baba mkubwa, anataka aitwe baba. Mtoto kanifuata hapa jikoni, ananiuliza kwa sauti ya chini, "Mama, nimwiteje?"

Nikisema ukweli nafungwa, watoto wanabaki mikononi mwa hao hao. Nikinyamaza, leo huyu mtu analala kitandani kwangu. Ndugu zangu, maji yameshachemka na mtoto bado kasimama hapa. Nimjibu nini?