Siku Gitaa Langu Lilipokataa Kunyamaza

Kama kuna msomaji aliyehudhuria arusi ya mwalimu mmoja katika uwanja wa shule ya msingi kule Homa Bay, miaka ile ya tisini, akamwona kijana mwembamba mwenye shati la mikono mirefu akikanyagakanyaga nyasi mbele ya spika kama mtu aliyeingiliwa na siafu kwenye suruali, basi naomba aendelee kuninyamazia, kwa sababu kijana yule nilikuwa mimi, na aibu ile ninayo mpaka leo (mke wangu anaijua nusu tu, nusu nyingine ataisoma hapa).

Nianze na nera, maana bila yeye hakuna mkasa. Nera ndivyo tunavyomwita mjomba sisi Waluo, na huyu wangu, kaka yake mama, alikuwa na bendi ndogo ya benga, muziki wetu wa magitaa, pale Homa Bay, bendi ya arusi, harambee na matanga. Yeye ndiye aliyepiga solo, yaani lile gitaa linalokimbia juu ya mengine yote, na alilipiga kwa sauti safi kama maji yakidondoka kwenye sufuria. Mimi nilimaliza chuo kikuu nikakaa nyumbani Migori nikisubiri kazi ambayo haikuja, halafu nikapata kufundisha kwa muda katika shule moja ya Uriri, na kila mwisho wa juma nilivuka kwenda Homa Bay kumpigia nera rithim, lile gitaa la kuisindikiza solo. Zile ndizo zilikuwa siku zangu za raha, ingawa wakati ule nilidhani ni siku za kusubiri raha.

Mwaka ule vidole vya nera vilianza kukakamaa. Asubuhi alikuwa akivikunja na kuvikunjua juu ya kikombe cha chai mpaka vikubali, na siku moja akatuambia mimi na Ochieng, mtoto wake wa mwisho aliyekuwa akipiga besi, kwamba arusi ya yule mwalimu ingekuwa mtihani wetu: Ochieng angepiga solo kabla ya chakula, mimi baada ya chakula, na yeye angekaa tu asikilize, kisha jioni aseme ni nani atakayerithi gitaa lake.

Nililitaka gitaa lile kuliko nilivyoitaka ile kazi ya serikali. Shida ni kwamba Ochieng alikuwa na vidole vyepesi kuliko vyangu, kila mtu alijua hivyo, mimi zaidi ya wote, na nikiwa mtu wa kuwaza jambo moja mpaka linaota mizizi, niliwaza kwamba siwezi kumshinda kwa vidole, lazima nimshinde kwa kitu ambacho yeye hana. Ndipo nikaikumbuka ile miziki mizito ya gitaa tuliyokuwa tukiisikia bwenini chuoni, gitaa linanguruma kama lori linapanda mlima, na nikakata shauri kununua pedali ya kukwaruza sauti. (Ni kisanduku kidogo cha chuma, ukubwa wa kipande cha sabuni, unakiunganisha kati ya gitaa na amplifaya, ukikikanyaga sauti inakuwa nzito na inachanikachanika, ukikikanyaga tena inarudi safi.)

Pale Migori, kando ya barabara iendayo Isebania, kulikuwa na duka la mama mmoja tuliyemwita Mama Risper, anauza redio, betri, pasi, nyaya, na juu ya rafu ya nyuma alikuwa na pedali mbili alizoletewa kutoka Nairobi na mtu ambaye hakurudi kuzichukua. Moja ya kijani, moja nyeusi. Ya kijani ilikwaruza kidogo tu, kwa adabu, kama mtu mwenye mafua, na haikuwa na taa. Nyeusi ilikuwa na vifundo vitatu na taa ndogo nyekundu inayowaka ukiikanyaga, na ukizungusha kile kifundo cha kati mpaka mwisho, vikombe vya Mama Risper vilitetemeka kwenye sahani.

Mtu mwingine angechagua akaenda zake. Mimi nilirudi pale Jumamosi baada ya Jumamosi nikiwa nimelibeba gitaa, naomba kujaribu tena. Niliwaza kuhusu betri, itadumu? Niliwaza kuhusu swichi, ikichafuka vumbi je? Niliwaza kama rangi nyeusi haitaonekana ya kishetani kwenye arusi ya kanisa. Nilipiga wimbo mzima na ya kijani, nikapiga wimbo mzima na nyeusi, nikarudia, wateja wananipisha na kunitazama, na kila nilipoacha kupiga tu Mama Risper aliniuliza kama nimeamua, nami kwa kuliogopa swali hilo nikajizoeza kutoacha. Na nilipolazimika kuacha, niliizima pedali kwanza kwa mguu, ndipo nikatoa mikono kwenye nyuzi. Shikilieni jambo hilo, maana ndilo lililonimaliza.

Mwishowe mama yule alichoka.

“Mwalimu,” akasema, “hata bibi watu hawachagui hivyo. Chukua moja. Ukikosea, si itakuwa pedali tu?”

Nikachukua nyeusi. Kilichonifanya niamue, nikisema kweli, ni ile taa. Mle dukani kulikuwa na kiza kwa ajili ya bidhaa zilizoning'inia dirishani, na ile taa nyekundu iliwaka vizuri sana, nikajiambia kwamba mtu mwenye wasiwasi kama mimi anahitaji kitu kitakachomwambia wazi kama kimewaka au kimezima.

Sasa, asiyetoka kwetu lazima nimweleze kuhusu pakruok, kwa sababu hapo ndipo shimo lilipochimbwa. Benga ikipigwa kwetu, mtu yeyote aliyepo anaweza kusimama katikati ya wimbo, akainua mkono, akaweka chochote alicho nacho kwenye sahani ya bendi, na bendi ikanyamaza papo hapo, kama imekatwa kwa panga. Katika kimya kile anajisifu, au anamsifu mkewe, rafiki yake, hata marehemu wake, kwa maneno matamu aliyoyapanga tangu nyumbani, watu wanaitikia, kisha muziki unarukia pale ulipoachwa. Ni heshima. Bendi isiyojua kunyamaza haialikwi mara ya pili. Hayo nilikuwa nikiyajua tangu utotoni, na bado katika Jumamosi zangu zote za kuwaza sikuwahi kuwaza kuhusu kimya hata mara moja.

Siku ya arusi ikafika. Ochieng alipiga asubuhi, vizuri, bila mbwembwe, watu wakacheza mpaka vumbi likatimka. Tukala. Zamu yangu ikaja na jua la saa tisa, lile jua la ziwani linalokupiga kutoka juu na kutoka majini pia, nikaiweka pedali yangu kwenye nyasi, nikasimama karibu sana na spika (nilitaka nijisikie), nikaangalia nera alipokaa mikono magotini, nikaanza. Wimbo wa kwanza nilipiga safi kama yeye. Wa pili, ulipofika mahali pa solo kukimbia, nikakanyaga.

Watu waligeuka. Watoto waliziba masikio huku wakicheka. Bwana arusi aliacha kucheza, halafu akacheza zaidi, na mimi nikaona kama nimeshinda, nikafumba macho kabisa, na nilipoyafumbua, nyanya wa bibi arusi alikuwa amesimama.

Dani yule (ndivyo tunavyomwita nyanya) alikuwa ametoka Rusinga, amevuka mpaka Mbita ndipo akaletwa, na tangu asubuhi alikuwa hajasimama wala kusema. Aliinua mkono. Bendi ikakatika. Mimi kwa haraka nikatoa mikono kwenye nyuzi kabla mguu haujaikumbuka pedali.

“Mimi binti wa Rusinga,” akaanza, kwa Kiluo chake cha pole, “mke wa yule aliyeniletea samaki mpaka nikasahau bei ya samaki...”

Na gitaa langu likalia. Lilianza chini kama ng'ombe mbali, likapanda, likapanda, mpaka likawa mluzi wa kutoboa masikio, na hakuna mtu aliyekuwa ameligusa. Kumbe pedali ya namna ile, ukiiacha imewaka mbele ya spika bila kupiga kitu, inajipigia yenyewe, na mimi kule dukani sikuwahi kuiacha hivyo hata mara moja. Dani aliigeukia ile spika, akaitazama kama anavyotazamwa mtoto wa wageni asiye na adabu.

“Ngoja,” akaiambia. “Sijamaliza.”

Uwanja mzima ukacheka. Nikakanyaga pedali ili izime, ikanyamaza, Dani akaanza tena, lakini mimi sikuridhika. Nilitazama chini nihakikishe ile taa, na katika jua lile taa haikuonekana kabisa, wala huwezi kujua kama iliwahi kuwepo. Je, imezima? Au nimeikanyaga mara mbili? Mtu mwenye akili angeamini masikio yake. Mimi nikakanyaga tena kwa usalama, ikalia. Nikakanyaga, ikanyamaza, nikawaza labda sikuikanyaga vizuri, nikakanyaga, ikalia.

“Huyu ni nani anayenikatiza?” Dani akauliza. “Mume wangu mwenyewe hakuwahi kunikatiza.”

Kufikia hapo nilikuwa nakanyaga tu, sihesabu wala siwazi, gitaa linalia na kunyamaza, linalia na kunyamaza, na watu wa nyuma ambao hawakuona pedali waliniona naruka kwa mguu mmoja, wakadhani ni mtindo mpya. Wakaanza kunipigia makofi. Mzee mmoja akasema kwa sauti, “Acheni mwalimu acheze, amesoma huyu,” na makofi yakaongezeka, na kwa aibu (hili ndilo mke wangu halijui) nikajikuta nafuata makofi yao.

Nikaamua kung'oa waya. Nikaung'oa kwa nguvu zangu zote, na spika ikatoa mshindo kama gurudumu la lori limepasuka. Kina mama wakapiga kelele, sufuria ya pilau ikamwagika, na Ouma, aliyekuwa akilinda jenereta nyuma ya madarasa, akadhani jenereta imelipuka, akaizima na kukimbia.

Kimya.

Kimya chenyewe hasa, hata upepo wa ziwani ulisikika kwenye mabati. Kila mtu alinitazama, mimi na waya mkononi. Dani peke yake hakunitazama.

“Sasa mmeona,” akasema. “Hata mashine imesimama kunisikiliza.”

Akamsifu mumewe mpaka mwisho, taratibu, mtumbwi wake, mikono yake iliyonuka samaki hata Jumapili, jinsi alivyokuwa akimwita kwa jina la nyumbani kwao. Jenereta ilikataa kuwaka. Ndipo nera akainuka kitini, akasogea mbele ya Dani, akaanza kuimba bila kipaza sauti, bila gitaa, kwa ile sauti yake iliyokwaruza yenyewe bila pedali yoyote, akiyarudisha yale maneno ya samaki kwenye wimbo, huku Ochieng na wengine wakipiga makofi na uwanja mzima ukiitikia. Sikuwahi kumsikia hivyo kabla ya siku ile, na baada yake sikumsikia tena. Nilisimama nimelishika gitaa lililokufa na nikasahau kwa muda kwamba nilikuwa nimeaibika.

Jenereta ilipowaka hatimaye, Dani aliinua mkono tena. Bendi ikanyamaza (mimi nilikuwa nimeshakaa chini, mbali na kila kitu chenye waya), akasema anamsifu yule mwalimu wa kutoka Migori, ambaye gitaa lake hulia hata akiwa ameshiba. Desturi ni kwamba ukiitwa kwa sifa lazima uinue mkono ukubali. Nikainua.

Jua lilipoanza kushuka tulikuwa tunapakia vyombo kwenye pikapu, na nera akaichukua ile pedali, akaigeuzageuza kwenye vidole vyake vigumu.

“Okewa,” akaniambia, ndivyo mtu anavyomwita mtoto wa dada yake, “ulipokuwa ukikichagua hiki kitu, ulikisikiliza kikinyamaza?”

Nikasema hapana.

“Basi solo atachukua Ochieng. Anajua kunyamaza. Wewe kaa na rithim yako, unaipiga vizuri.” Akanirudishia. “Na hii usiitupe. Itafukuza ngedere kwenye mahindi.”

Nilipiga rithim mpaka bendi ilipovunjika, na sikuwahi kumchukia Ochieng, ila kila sherehe tuliyokwenda, Mbita, Uriri, hata Migori kwetu, hakukosekana mtu wa kuinua mkono na kumsifu mwalimu ambaye gitaa lake hulia hata akiwa ameshiba. Tulipomzika nera pia hakukosekana. Ochieng alikuwa akipiga solo karibu na jeneza, mama mmoja nisiyemjua akasimama, akamsifu marehemu, kisha akanitaja na mimi, watu wakacheka katikati ya machozi, nikainua mkono wangu. Ochieng alikuwa ameshika nyuzi kwa kiganja. Hakuna kilicholia. Nilijikuta natazama chini kwenye nyasi, natafuta taa.

Pedali bado ninayo, kwenye rafu, nimeitoa betri. Na juzi tuliponunua jokofu mke wangu alinishangaa, kwa sababu muuzaji alipoliwasha ili tulisikie linavyofanya kazi, nilimwomba alizime, na nikawaomba wote wawili wanyamaze kidogo.