Kodi ya Gari Lililolala Yadi

Mama Pampu hakuzaa mtoto aitwaye Pampu. Jina alilipata kwa kufufua pampu za maji kwa miaka ishirini na mbili, ufundi aliorithishwa na mjomba wake. Pikapu yake ya bluu ndiyo iliyokuwa miguu yake, na ulimi wake, walisema majirani, haukuwa na breki.

Asubuhi moja ofisa wa kodi alimsimamisha barabarani, akabofyabofya simu yake, kisha akanyoosha mkono.

"Lete ufunguo. Hujalipa kodi ya gari miaka miwili."

"Miaka ipi?"

Alipotajiwa, Mama Pampu akacheka kicheko kibaya. Miaka hiyohiyo gari lilikuwa limefungiwa yadi ya serikali, likishikiliwa kama ushahidi katika kesi ya lori lililomgonga kwa nyuma. Lilikuwa limeachiwa juzijuzi tu.

"Hayo kamwambie mkubwa," ofisa akasema. Pikapu ikavutwa matako juu, na mabomba ya mteja humohumo ndani.

Ilipelekwa yadi ileile. Mkuu wa yadi, aliyekuwa ameisainia mara ya kwanza, hakuinua hata macho kutoka kwenye daftari.

"Gari likilala, kodi hailali. Ulitakiwa kutuandikia barua kwamba halitembei."

"Niwaandikie nyinyi barua, kuwaambia mnalo nyinyi?"

"Toka ofisini kwangu, mama."

Jioni mdogo wake, karani wa benki, alikuja kumtuliza. "Dada, lipa yaishe. Mwenye nguvu mpishe."

"Nimpishe mara ngapi? Nikimpisha leo, kesho atataka nimlalie chini anikanyage."

"Ubishi wako ndio uliomkimbiza mumeo!"

Mama Pampu akainuka, akamfungulia mlango. Mdogo mtu akaondoka na chai yake haijaguswa.

Mama Pampu akaishtaki mamlaka ya kodi mahakamani. Kesi ilichukua miezi mitano. Iliahirishwa mara nne. Mara moja kwa sababu jalada halionekani, na kumbe karani wa mahakama alikuwa amelikalia. Siku zote hizo Mama Pampu alikwenda kwa wateja kwa baiskeli, spana zikimgonga mgongoni. Wakili hakuwa naye. Alikuwa na bahasha ya karatasi na hasira ya kutosha ukoo mzima.

Wakili wa mamlaka alisema kodi hufuata umiliki, si mwendo. Hakimu, mwanamke mwenye sauti ndogo, akamgeukia mkuu wa yadi.

"Gari halilipiwi kodi bila kukaguliwa kwanza. Ndivyo?"

"Ndivyo, mheshimiwa."

"Miaka hiyo ufunguo ulikuwa kwa nani?"

"Kwetu."

"Mama huyu angelifikishaje kwenye ukaguzi?"

Mkuu wa yadi akajikuna shingo. "Angeweza... kuomba."

"Niliomba mara tatu!" Mama Pampu akafoka, akipunga nakala zenye mhuri. "Hamkujibu hata moja!"

Hakimu akamwamuru aketi, akazisoma barua zote. Kisha akaamua: kodi ya miaka ile haidaiwi, gari lirudishwe bila ada ya maegesho.

Yadini pikapu ilikuwa imekaa upande, gurudumu moja halipo, betri haipo. Mabomba ya mteja yalikuwa yameyeyuka kama chumvi. Mkuu wa yadi akamsukumia fomu: *Nimelipokea gari likiwa salama.*

Mama Pampu akakata neno "salama" kwa mistari miwili, akaorodhesha kila kilichoibwa. "Sasa saini wewe."

"Sisaini upuuzi."

"Basi sitoki."

Akaweka kisanduku chake cha spana katikati ya lango, akakikalia. Malori mawili yakakwama nje, madereva wakapiga honi na kumtukana. Akawarudishia matusi kwa riba. Jua lilipofika utosini, mkuu wa yadi akasaini, akamtupia kalamu miguuni.

"Tutaonana barabarani, mama."

"Utaniona. Tena nitakupigia honi."

Wiki iliyofuata alifungua kesi ya pili, ya betri, gurudumu na mabomba. Bado inaahirishwa. Mdogo wake hajapiga simu mpaka leo, na yeye pia hajapiga.