Steki ya Makokha

Muda wote aliokaa Somalia, Komakech aliota chakula kimoja tu: malakwang', mboga chachu ya kwao Acholi, imeungwa kwa karanga na simsim, yaani ufuta, pembeni viazi vitamu, na mkewe Adyero ameketi mbele yake akimtazama anavyokula. Ndoto hiyo ilimvusha katika joto, vumbi na biskuti ngumu za jeshi. Basi Jumapili ile aliporudi kwenye nyumba yao ya kupanga pale Ntinda, katika mji mkuu wa Uganda, alinawa mikono, akaketi, akangoja harufu ya simsim.

Haikuja. Iliyokuja ni harufu ya siagi na kitunguu saumu, pamoja na moshi mwembamba uliomkohoza. Adyero alikuwa ameinama juu ya jiko la gesi ambalo Komakech hakuliacha nyumbani alipoondoka, na juu yake kikaango cheusi, kizito. Humo ndani kipande kinene cha nyama kilikuwa kinalia kama mvua juu ya bati. Adyero hakukigusa. Alikitazama tu, mkono kiunoni, kisha akakigeuza mara moja, akakipa muda, akakitoa na kukiacha kwenye sahani. Ndipo akamimina krimu kwenye yale mafuta yaliyobaki, akakwaruzia jibini, akanyunyiza pilipili manga, akakoroga mpaka mchuzi ukawa mzito kama uji wa mtoto. Akaumwaga juu ya nyama.

"Hii ni nini?" Komakech aliuliza.

"Steki. Kula kabla haijapoa, Baba Opoka."

Opoka ni mtoto wao wa pekee, naye alikuwa shule ya bweni Gulu. Walikuwa wawili tu mezani. Komakech akakata nyama. Katikati ilikuwa nyekundu. Akaweka kisu chini.

"Hii haijaiva."

"Imeiva. Ukiizidisha inakuwa kandambili."

Akala. Nje ilikuwa na ukoko wa chumvi, ndani laini, na ule mchuzi wa jibini uliteleza ulimini ukaacha uchachu kidogo mwishoni. Ilikuwa tamu. Ilikuwa tamu hata akakasirika, na papo hapo hakujua kwa nini.

"Nani alikufundisha?"

"Makokha," alisema Adyero, huku anafuta kikaango.

Hakusita wala hakutazama pembeni. Laiti angesita, Komakech angejua pa kushika. Lakini jina lilimtoka kirahisi kama jina la mtu wa nyumbani. Komakech alijua kwamba mkewe alipata kazi ya kuosha vyombo kwenye mgahawa mmoja wa Kabalagala, maana alimwambia kwa simu. Kwamba alikwisha kuhama kutoka kwenye sinki hadi kwenye moto, na kwamba huko kwenye moto kulikuwa na mpishi wa Kikenya, mtu wa Bungoma, aliyeitwa Makokha, hayo hakuambiwa.

Tangu siku ile Makokha aliishi nao. Makokha anasema nyama ikitoka kwenye baridi iachwe kwanza, isikimbizwe motoni. Makokha anasema ifute maji mpaka ikauke. Makokha anasema mtu mwenye haraka akapike mayai. Komakech alikuwa akinyoa ndevu, anasikia Makokha. Akifunga kamba za viatu, Makokha tena.

Lakini lililomchoma zaidi lilikuwa jambo jingine, dogo mno hata angeona aibu kumwambia mtu. Lilikuwa Kiswahili.

Nyumbani walizungumza Kiacholi. Kiswahili Komakech alikipata jeshini, akakipenda, na mara nyingi alijaribu kumtania mkewe kwa lugha hiyo. Adyero alikataa katakata. Utotoni mwake, kule Kitgum, katika miaka ile ya vita vya kaskazini, Kiswahili kilikuwa sauti ya watu wenye bunduki wakimwamrisha baba yake atoke nje. "Lugha hiyo iache mlangoni pamoja na buti zako," alimwambia walipooana, naye akaiacha. Hakuwahi kulalamika.

Sasa Adyero akisimama jikoni, Kiswahili kilimtoka bila kuitwa. "Pole pole, mama," aliiambia krimu ilipotaka kuchemka. "Haya, pumzika sasa," aliiambia nyama. Alisema kwa lafudhi ya watu wa Bungoma, kisha akacheka peke yake. Komakech aliketi kitandani akimsikiliza. Kitu alichomwomba miaka yote hiyo akanyimwa, mwanamume mwingine alikipata kwa kikaango.

Jirani yao, Docus, mke wa polisi mmoja aitwaye Olal, hakumsaidia. Siku moja alimkuta Komakech bombani anachota maji.

"Afande, karibu nyumbani. Mke wako tulimtunza," Docus alisema. "Na yule Mkenya alisaidia."

"Mkenya gani?"

"Wa kule kazini kwake. Kuna siku alimleta hadi hapa getini amemshika mkono. Mke wako hata kutembea hakuweza."

"Alikuwa amelewa?"

"Mimi nitajuaje? Mimi nilikuwa naanika nguo zangu." Akabeba ndoo yake akaenda zake, kama mtu aliyeuliza tu hali ya hewa.

Siku hiyo Komakech hakula. Alipoulizwa, alisema tumbo linamsumbua.

Siku ambayo Adyero alikuwa na mapumziko, Komakech alivaa shati la pasi, akamwambia anaitwa kambini. Hakwenda kambini. Alikwenda Kabalagala. Ilikuwa mchana, baa bado zinasinzia, vijana wanashusha kreti za bia na kufagia vizibo vya jana. Aliupata mgahawa, akachagua meza inayotazama mlango wa jikoni, akaagiza steki yenye jibini.

Ilipokuja, aliitafuna kwa makini, kama mtu anayekagua silaha. Haikufikia ya Adyero. Ukoko ulikuwa mwembamba, mchuzi mzito kupita kiasi. Kwanza alifurahi. Kisha furaha ikamgeukia: ili mwanafunzi ampite mwalimu, wamesimama pamoja motoni kwa saa ngapi hao?

"Mwambie mpishi aje," alimwambia mhudumu.

Njiani alikuwa ameomba Makokha awe mzee, au awe na kitambi na meno yaliyooza. Aliyetoka jikoni alikuwa mwanamume wa rika lake, mrefu, aproni safi, mikono imejaa makovu ya mafuta ya moto, na uso mpole ambao mtu yeyote angeupenda. Alimtazama Komakech, akatazama nywele zake zilizokatwa kijeshi, akatazama jinsi alivyokaa.

"Wewe ni Baba Opoka," alisema. "Naweza kukaa, afande?"

Makokha akavuta kiti.

"Nitakuambia ukweli, kwa sababu naona umekuja kuutafuta. Mke wako alikuja hapa kuosha vyombo. Hata jina lake nilikuwa silijui vizuri. Siku moja redio ikasema lori la wanajeshi wa Uganda limelipuliwa kule Somalia. Sahani alizokuwa ameshika zikaanguka zote. Akakupigia simu, haikuingia. Akapiga tena. Akapiga tena. Mikono ilikuwa inamtetemeka hivi." Makokha akainua mikono yake akaonyesha. "Tajiri akataka kumfukuza. Nikasema hapana, mlete huku kwangu. Nikampa kikaango. Nikamwambia, weka nyama hiyo, usiiguse mpaka niseme. Nilitaka tu mikono yake ipate kazi. Tukapika steki mpaka jioni, zingine hakuna aliyeziagiza. Halafu nikamsindikiza nyumbani, maana miguu ilikuwa imekataa."

Komakech aliukumbuka mlipuko ule. Aliikumbuka pia simu aliyompigia mkewe baadaye. Alimwambia mtandao ulikuwa mbaya, yuko sawa. Naye Adyero akajibu, hata mimi niko sawa.

"Na baada ya hapo?" aliuliza.

"Baada ya hapo akawa mpishi." Makokha alikunja kitambaa alichokuwa nacho mkononi. "Kama unauliza lile lingine, halikutokea. Ningependa kukuambia sikulifikiria. Nililifikiria. Yeye hakulifikiria."

Komakech alikuwa amejiandaa kwa mtu mbaya. Mtu mbaya, Komakech angejua namna ya kumshughulikia. Huyu alikuwa amefanya lililopaswa kufanywa, siku ambayo mume hakuwepo wa kulifanya, na kwa hilo Komakech alimchukia kwa namna ambayo hakuwahi kumchukia adui yeyote. Alilipa, akasimama, akatoka bila kusema asante. Alitembea hadi Kisenyi, karibu na katikati ya jiji, kwa miguu ili hasira ipungue. Haikupungua. Wivu wa mwanzo, ule wa kudhani ameibiwa, angalau ulikuwa na tumaini la kukutwa si kweli. Huu mpya ulikuwa wa kweli mtupu, na hakuna wa kumdai.

Jumamosi iliyofuata alirudi nyumbani na nyama kwenye karatasi.

"Leo napika mimi," alisema.

Adyero alicheka. Hakuwahi kumwona mumewe akipika chochote zaidi ya chai. Alipoona hatanii, akaegemea mlango, mikono kifuani, akamwachia jiko.

Komakech alitupa nyama kwenye kikaango ingali baridi, ingali na maji. Badala ya kulia, ikachuruzika. Akaigeuza. Akaigeuza tena. Akaibonyeza kwa kijiko, akaivuta huku na kule, jasho linamtiririka.

"Iache," Adyero alisema.

"Naiacha."

"Huiachi. Mkono wako uko juu yake."

Krimu ikachemka mno ikakatika, jibini ikajikunja ikawa donge. Alipakua hivyo hivyo. Wakaketi. Adyero akatafuna kwa muda mrefu sana.

"Ni ngumu," alisema mwishowe.

"Najua." Komakech alisukuma sahani yake. "Nilikwenda Kabalagala. Nimeonana na Makokha."

Adyero aliacha kutafuna. Uso ulibadilika, na Komakech akaona kwamba haikuwa hofu bali hasira tupu.

"Uliniambia unaitwa kambini."

"Nilidanganya."

"Ukaenda kunipeleleza. Mimi! Ulidhani utamkuta nani, mume mwenzako?"

"Kwa nini hukuniambia yaliyokupata siku ile?"

"Kwa nini wewe hukuniambia mlilipuliwa?" Alipiga meza kwa kiganja, uma ukaruka. "Nilikusikiliza kwenye simu unaniambia mtandao, mtandao. Nikajua unadanganya. Nikasema, kama anataka nisijue, basi na mimi sijui. Sasa unakuja kumwonea wivu mtu aliyenishika nisianguke. Wewe ulikuwa wapi?"

Ndipo Komakech akasema alikuwa wapi. Alikuwa kwenye lori la maji, nyuma. Katika lori la mbele, lile lililolipuliwa, alikuwemo Ogwal, rafiki yake, ambaye likizo yake ya mwisho aliimalizia kwenye meza hii hii akikisifu kisamvu cha Adyero. Komakech ndiye aliyemtoa. Hakumwambia mtu yeyote alichokibeba mikononi, hata kasisi wa kikosi. Alimwambia Adyero sasa, yote, bila kupunguza, mpaka mchuzi ukaganda kwenye sahani. Adyero alizunguka meza akaja kuketi upande wake.

Lingekuwa jambo zuri kusema kwamba wivu uliishia hapo. Haukuisha. Adyero aliendelea na kazi, na kila aliporudi Komakech aliuliza habari za jikoni huku masikio yakilisubiri lile jina. Adyero alijifunza kulitaja mapema ili lipite. Siku nyingine alimpasha habari ndefu ya Makokha kwa makusudi, amwone akikunja uso, kisha wakacheka wote wawili, yeye zaidi.

Mwaka uliofuata Makokha alirudi Bungoma kufungua mgahawa wake mwenyewe, na jiko la Kabalagala likabaki mikononi mwa Adyero. Wafanyakazi walimfanyia Makokha sherehe ndogo ya kumuaga, mchana kabla wateja hawajaja. Komakech alialikwa, akaenda. Alimshika Makokha mkono, akaubana kuliko ilivyohitajika, akasema lile neno ambalo hakulisema mara ya kwanza.

"Asante."

"Hakuna shida, afande."

Walipokuwa wanarudi, Adyero alianza kulia. Hakuficha. Alilia kama mtu anayelilia ndugu anayehama, akijifuta kwa ukingo wa kitenge, na watu wa barabarani wakawatazama. Komakech alitembea kando yake. Iliuma, tena sana, kumsikia mke wake akimlilia mwanamume mwingine. Alimpokea mkoba, akautundika begani mwake mwenyewe, wakaendelea kutembea.