Kwaya ya Kifilipino Pale Kirumba

Leo nacheka, lakini kwa muda mrefu nikipita Kirumba nilikuwa nainamisha uso, maana pale ndipo nilipojivua nguo mbele ya baba mkwe (mtarajiwa, na akabaki hivyo hivyo mtarajiwa).

Soko huria lilikuwa limeingia, na kila mwenye deki na televisheni alifungua banda la video. Mimi nilishika kipaza sauti na kuwatafsiria watu filamu, za Kichina, za Kihindi, lugha ambazo (naomba msinitangaze) sikujua hata salamu zake. Niliyemhusudu zaidi alikuwa Mfilipino mmoja aliyeandika na kuongoza filamu zake mwenyewe. Nilikuwa nimeona mbili, zote za wajane wanaosali na kulia, nikajifanya bingwa wake, ingawa muuza kanda alishaniambia kwamba jamaa huyo anatengeneza za kila aina.

Basi baba yake Koku (mchumba wangu), mzee wa kanisa, akaja na meli kutoka Bukoba kunikagua. Nikawakaribisha yeye na Koku bandani waone kazi yangu, tena kwa kanda mpya ya yule yule Mfilipino, ambayo sikuhangaika kuitazama kwanza, ya nini, na mtu mwenyewe namjua?

Ikaanza vizuri, kanisa na mishumaa, nikatafsiri, "Mjane huyu anamwombea mwanawe." Mzee akaitikia kwa kichwa. Mara mjane akatokea mlango wa nyuma, akaingia ukumbi wa dansi, wasichana kibao jukwaani, nami badala ya kunyamaza nikaendelea, "Hii ni kwaya." Wakaanza kuvua nguo. "Wamezidiwa na joto." Banda zima likaangua kicheko, nikakimbia kuikumbatia televisheni ili niizibe, watu wakanizomea, "Toa mgongo wako, tumelipa."

Mzee akasimama taratibu. "Kijana, filamu hii ulishaiona?"

Hapo nikakwama, maana nikisema ndiyo, mimi ni mhuni niliyemletea makusudi. "Hapana, baba. Ndiyo kwanza naiona leo."

"Sasa muda wote huu ulikuwa unatafsiri nini?"

Koku alikuwa anatazama viatu vyake. Kesho yake walipanda meli wote wawili, na niliumia, jamani, nisiwafiche.

Toka siku hiyo simdhamini mtu kwa kazi zake mbili, na kipaza sauti sijakigusa tena. Yule Mfilipino nasikia alisifiwa sana kwa kutunga filamu za kila aina. Mimi nilitunga moja tu, papo hapo, ikanikosesha mke.