Anayemuuliza Bibi Harusi

Kabla ya kila ndoa msikitini kwetu Kabondo, imamu humtuma mama mmoja chumbani kumuuliza bibi harusi kama amekubali. Ni mshonaji. Futi ya kupimia nguo haimtoki shingoni, na ncha za vidole vyake zimekuwa ngumu kwa sindano. Kwanza huwatoa nje mashangazi wote, hata aliyenunua mbuzi wa karamu. Kisha huketi mkekani, humshika binti mkono, huuliza kwa sauti ya chini mara tatu, na baada ya kila swali hungoja bila haraka.

Ijumaa moja alitoka chumbani kwa bibi harusi Mwayuma, mwanafunzi wa chuo kikuu, vigelegele vikiwa vimeshaanza uani. “Hajajibu,” akasema.

Baba mdogo wa binti akacheka. “Mama, mutoto akinyamaza, amekubali. Sheria iko vile.”

“Akinyamaza kwa haya, ndiyo, papa. Huyu iko natetemeka.”

Akarudi ndani. Wali ukapoa. Alipotoka tena alinitazama mimi, mwandishi wa vyeti. “Binti anamupenda bwana. Ila anataka amalize masomo, na iandikwe. Dini inamupa haki ya kuweka sharti. Alors, basi, andika.”

Bwana harusi akainua kichwa. “Muiandike.”

Cheti hakikuwa na nafasi. Nilibananisha maneno pembeni. Vyeti vipya nimeviachia mistari mitatu mitupu ya masharti chini ya jina la bibi harusi. Nilipomwonyesha mshonaji, aliipima kwa futi yake.

“Ongeza kidogo,” akasema.